Siku Moja Bagamoyo: Njia ya Watalii na Njia ya Misafara

1. Utangulizi

Mgeni aliyeko Dar es Salaam, mwenye siku moja ya kusubiri, huweza kujiandikisha katika ziara ya Bagamoyo. Gari huondoka asubuhi na kufuata barabara ya pwani kuelekea kaskazini kwa muda wa kilomita 70 hivi. Humfikisha mgeni penye magofu ya Kaole, kisha penye misheni ya Kikatoliki, kisha katika mitaa ya mji mkongwe. Na alasiri humwacha ufukoni aoge na kula samaki kabla ya kurudi. Mwongozaji hutangulia na wageni humfuata. Miongoni mwa wageni hao huweza kuwamo pia Wakongo, kwani wafanyabiashara wa Lubumbashi, Kalemie na Bukavu hufika Dar es Salaam kufuata bidhaa na magari yao bandarini, na mara nyingi hulazimika kungoja siku kadhaa.

Kila mpango wa kutembeza watu ni namna ya kusimulia historia. Huamua kituo kipi kitangulie, jina lipi litajwe, na mlango upi upitwe bila kusimama. Makala haya yanafuata mpango wa siku hiyo kituo kwa kituo, yakichunguza kila kituo kinamwambia nini mtu anayetoka Kongo. Hoja yake ni moja: historia ya Bagamoyo haieleweki ikisimuliwa kutoka ufukoni peke yake. Njia iliyoishia pale ilianzia mbali, ng'ambo ya Ziwa Tanganyika. Na lile swali linalowagawanya wasimulizi wa mji huo tangu zamani, yaani maana ya jina lake, halipati jibu la kuridhisha bila kuzitazama nchi za Manyema na Katanga.

2. Kaole: pwani kabla ya misafara

Kituo cha kwanza ni Kaole, mwendo wa kilomita 5 hivi kusini mwa Bagamoyo. Hapo mgeni huonyeshwa misikiti miwili iliyobomoka na makaburi zaidi ya 20, mengine yakiwa na nguzo ndefu za mawe. Majengo hayo ni ya matumbawe na chokaa. Mtaalamu wa mambo ya kale Neville Chittick aliyachunguza katika miaka ya 1950, na msikiti wa zamani zaidi huhesabiwa kuwa wa karne ya 13. Katika nguzo za makaburi ya namna hii wenyeji wa pwani walizoea kupachika bakuli za kauri zilizoletwa na biashara ya baharini kutoka China. Kwa upande wa bahari, mahali ambapo zamani vyombo vilitia nanga, leo pameota msitu wa mikoko.

Kituo hiki kina manufaa makubwa kwa mwanafunzi wa historia, kwa sababu kinamzuia asifikiri kwamba miji ya Waswahili ilizaliwa na biashara ya pembe na watumwa. Watu wa Kaole walikuwa na misikiti yao, makaburi yao na biashara yao karne nyingi kabla ya msafara wowote kufika Ujiji kutoka pwani. Uso wa mji wao ulielekea baharini. Kilichobadilika katika karne ya 19 ni kwamba pwani ile ile iligeuza uso wake kutazama bara.

Mageuzi hayo yalikuwa na sababu zinazojulikana. Sultani Seyyid Said alihamishia makao yake Unguja katika nusu ya kwanza ya karne ya 19. Mahitaji ya pembe za ndovu yalikuwa yakiongezeka katika nchi za Ulaya, Marekani na India. Na bei ya pembe iliendelea kupanda. Mahali palipofaa kuvukia kwenda Unguja palikuwa pwani hii ya Mrima. Mwaka 1857, Richard Burton na John Speke walipoanza safari yao ya kwenda Ziwa Tanganyika, walishukia Kaole, palipokuwa na kikosi cha askari wa Sultani. Haukupita muda mrefu, Bagamoyo ikaipita Kaole, na magofu yakabaki peke yake pamoja na mikoko.

3. Misheni: mlango wa wamisionari na mwili wa Livingstone

Kutoka Kaole gari huelekea penye misheni. Mapadre wa Shirika la Roho Mtakatifu walifika Bagamoyo mwaka 1868 wakitokea Unguja, wakapewa ardhi kwa idhini ya Sultani Majid. Walianzisha kijiji cha Wakristo kwa ajili ya watu waliokombolewa katika utumwa, wengi wao wakiwa watoto. Mgeni huonyeshwa njia yenye miembe iliyopandwa pande mbili, msalaba ulio karibu na bahari, jumba la makumbusho, na mnara wa kanisa la kwanza lililojengwa mwaka 1872.

Mnara huo ndio unaotembelewa zaidi, kwa sababu ya usiku mmoja. Tarehe 24 Februari 1874 uliletwa hapo mwili wa David Livingstone, aliyefariki kwa Chitambo, katika nchi iitwayo leo Zambia, mwaka 1873. Waliouleta ni Susi, Chuma na wenzao, waliotembea nao kwa miezi mingi kupitia Unyanyembe mpaka pwani. Mwili ulilala kanisani, kisha ukavushwa Unguja na kupelekwa Uingereza, ukazikwa London tarehe 18 Aprili 1874. Ibao la kumbukumbu linamtaja Livingstone kwamba alipita mlango huo. Hilo ni kweli. Lakini alipita akiwa amebebwa. Waliopita kwa miguu yao ni wale waliombeba.

Kwa Mkongo, kituo hiki kina jambo jingine ambalo halikuandikwa ukutani. Miaka mitatu kabla ya mwili wake kufika Bagamoyo, Livingstone alikuwa Nyangwe, ukingoni mwa mto Lualaba. Tarehe 15 Julai 1871 aliona kwa macho yake wafanyabiashara wenye bunduki wakifyatulia risasi watu waliokuwa sokoni, wengi wao wakiwa wanawake. Na wengi waliojaribu kukimbia walizama mtoni. Habari ya mauaji ya Nyangwe, ilipofika Uingereza, iliongeza nguvu za waliotaka biashara ya watumwa ikomeshwe, na mwaka 1873 Sultani Barghash alitia sahihi mkataba wa kupiga marufuku usafirishaji wa watumwa kwa bahari. Hivyo kuna uhusiano wa moja kwa moja kati ya soko la Nyangwe na mnara wa Bagamoyo, ingawa ziara ya siku moja humwonyesha mgeni mnara tu.

Tena, misheni ya Bagamoyo ilikuwa mlango wa wamisionari wa Kongo ya mashariki. Msafara wa kwanza wa Mapadre Weupe uliondoka Bagamoyo mwezi wa Juni 1878, ukaelekea maziwa makuu. Katika miaka hiyo hiyo njia hii ilitumiwa na maofisa Wabelgiji wa Jumuiya ya Kimataifa ya Afrika, iliyoundwa na mfalme Leopold II. Walianzisha kituo cha Karema, upande wa mashariki wa Ziwa Tanganyika, mwaka 1879, na kituo cha Mpala, upande wa magharibi, mwaka 1883. Kituo cha Mpala kilikabidhiwa kwa Mapadre Weupe mwaka 1885. Yafaa ikumbukwe, basi, kwamba kabla ya Kongo kuelekezwa Matadi na bahari ya Atlantiki, mmoja wa milango yake mikuu ulikuwa katika mchanga wa Bagamoyo.

4. Mji mkongwe: pembe, posho na wapagazi

Kituo cha tatu ni mji wenyewe. Mgeni hupitishwa penye Ngome Kongwe, penye Boma la Wajerumani lililojengwa mwaka 1897, penye nyumba ya forodha na soko la samaki, na penye jengo liitwalo Karavanserai. Huonyeshwa pia milango ya mbao iliyochongwa, na shule iliyotokana na ukarimu wa Sewa Haji, tajiri wa Kiismailia aliyejipatia mali kwa kuziandalia safari za bara wapagazi na bidhaa. Sewa Haji alifariki mwaka 1897, na jina lake lingali likitajwa hata katika hospitali kuu ya Dar es Salaam.

Katika mitaa hiyo simulizi huwa hasa juu ya watumwa. Hapana shaka kwamba watumwa walipita Bagamoyo, waliuzwa Bagamoyo, na walifanya kazi katika mashamba na nyumba za Bagamoyo. Hata hivyo, utafiti wa wanahistoria umeonyesha mambo mawili yasiyotajwa mara nyingi. La kwanza ni kwamba bandari kuu ya watumwa katika pwani hiyo ilikuwa Kilwa, wakati utajiri wa Bagamoyo ulitokana zaidi na pembe za ndovu. La pili ni kwamba sehemu kubwa ya watu waliobeba pembe hizo kutoka Unyanyembe hadi Bagamoyo walikuwa wapagazi wa ujira, hasa Wanyamwezi na Wasukuma, walioifanya kazi hiyo kuwa ufundi wao na sifa yao. Mpagazi alibeba mzigo wa frasila mbili hivi, yaani kilo 30 na zaidi, pamoja na mkeka wake, chungu chake na silaha yake. Walikuja kwa maelfu kila mwaka, wakapiga kambi pembezoni mwa mji, wakangoja mzigo wa kurudi nao: nguo, shanga, masango ya shaba na baruti. Katika miezi ya misafara wageni hao wa bara waliweza kuwazidi wenyeji kwa idadi.

Msafara ulikuwa na utaratibu wake na maneno yake. Mbele alikwenda kirangozi, mwenye bendera na vazi la kumtambulisha. Yeye alijua njia, visima na mahali pa kulala, na hakuna aliyeruhusiwa kumpita. Neno hilo, kama wasafiri wa karne ya 19 walivyoliandika, ndilo neno kiongozi la leo. Hivyo mwongozaji wa watalii wa Bagamoyo amerithi kazi ya kale kuliko anavyodhani. Wanyapara walisimamia watu. Chakula cha kila siku, au nguo ya kununulia chakula, kiliitwa posho. Malipo waliyotozwa wasafiri na watawala wa njiani yaliitwa hongo.

Maneno hayo yalivuka ziwa pamoja na mizigo. Posho ni mfano mzuri kwa msomaji wa Lubumbashi. Kutoka katika msafara, neno hilo lilihamia katika kambi za wafanyakazi wa migodi ya Katanga, ambako lilimaanisha mgawo wa chakula wa juma. Na katika Kilingala limegeuka kuwa jina la juma lenyewe. Ni kweli kwamba Kiswahili cha Katanga hakikuletwa na misafara peke yake. Wataalamu wamekwisha kueleza jinsi utawala wa kikoloni, makampuni na misheni vilivyokieneza kwa mahitaji ya kazi katika karne ya 20. Lakini maneno ya kazi yaliyotumiwa katika kambi hizo yalikuwa yamekwisha kuzoezwa njiani, mabegani mwa wapagazi.

5. Upande wa magharibi wa ziwa

Ikiwa mambo yalikuwa hivyo, je, simulizi la watumwa ni la uongo? Hapo ndipo hapana budi kuacha mpango wa ziara kwa muda na kuifuata njia mpaka mwisho wake wa pili.

Kutoka Bagamoyo hadi Ujiji ni mwendo wa miezi kadhaa. Katika sehemu hiyo ya njia pembe zilinunuliwa, hongo ililipwa, na mpagazi aliweza kuutua mzigo na kukimbia asipolipwa haki yake. Lakini tangu miaka ya 1860, ndovu walipopungua upande wa mashariki, wafanyabiashara walivuka ziwa na kuingia Manyema. Huko walikuta pembe nyingi, na walikuta jamaa nyingi zisizokuwa na mtawala mmoja wala bunduki za kujilinda. Kwa hiyo hali ya biashara ilibadilika. Mahali pengi pembe zilichukuliwa kwa nguvu. Watu walitekwa ili wakombolewe kwa pembe, au ili wazibebe. Na miji ya Nyangwe, Kasongo na Kabambare ilikua kwa kazi ya mateka. Tippu Tip, yaani Hamed bin Muhammed el Murjebi, aliyejipatia milki kubwa katika nchi hizo, ameeleza mambo hayo mwenyewe katika maisha yake aliyoyaandika kwa Kiswahili baada ya kurudi Unguja. Hakuona haja ya kuficha kwamba vita na biashara vilikwenda pamoja.

Kwa hiyo jino moja la ndovu liliweza kupita katika mikono ya namna mbili. Kutoka Lualaba mpaka ziwani lilibebwa na mtu aliyetekwa; kutoka Unyanyembe mpaka pwani lilibebwa na mtu aliyejiajiri. Mtazamaji aliyesimama Bagamoyo aliuona mwisho tu, ambapo Wanyamwezi waliingia mjini kwa ngoma na milio ya bunduki. Mtazamaji aliyesimama Nyangwe aliona mwanzo. Anayetaka kusema ukweli juu ya njia hiyo lazima asimame mahali pote pawili.

Mateka wengi wa Manyema hawakufika pwani. Walibaki Ujiji, Unyanyembe na vijiji vya njiani. Lakini wako waliofika, na vizazi vyao vimekuwa wenyeji wa miji ya pwani. Dar es Salaam una Msikiti wa Manyema, katika eneo la Kariakoo. Na katika Bagamoyo yenyewe, mtu aliyeheshimiwa kuliko wote katika mambo ya dini mwanzoni mwa karne ya 20 alitoka Manyema.

Mtu huyo ni Sheikh Yahya bin Abdallah, ajulikanaye kama Sheikh Ramiya. Alitekwa akiwa mtoto katika nchi ya Manyema, akaletwa Bagamoyo akiwa mtumwa, akawa katika nyumba ya liwali wa mji. Baadaye alipata uhuru, akafanya biashara, akajipatia mashamba ya minazi. Alisoma elimu ya dini mpaka akawa mwalimu, akawa kiongozi wa tarika ya Kadiria, na murid wake wakaenea pwani na bara. Waingereza walipowaondoa Wajerumani katika Vita Kuu ya Kwanza, alipata pia kuwa liwali wa mji ule ule alioingia akiwa mtumwa. Alifariki mwaka 1931, na mwanawe Sheikh Muhammad Ramiya alirithi uongozi wake. Ni shida kupata maisha mengine yanayoeleza Bagamoyo kwa ukamilifu kama haya. Hata hivyo, majina yanayorudiwa zaidi katika vitabu vya watalii ni ya Burton, Speke, Stanley na Livingstone. Mgeni Mkongo aweza kuzunguka mji mzima, apige picha ya mnara na ya Boma, arudi Dar es Salaam jioni, asijue kwamba sheikh mkuu wa mji huo alizaliwa katika nchi yake.

6. Misafara miwili ya Luteni Stairs

Katika mitaa ya mji mgeni husimuliwa pia karamu ya tarehe 4 Desemba 1889. Siku hiyo Henry Morton Stanley aliwasili Bagamoyo pamoja na Emin Pasha, aliyekwenda kumtafuta kwa kupitia mto Kongo na msitu wa Ituri. Wajerumani waliwafanyia karamu, na usiku Emin Pasha akaanguka kutoka dirishani, akaumia vibaya. Kisa hiki hupendwa na watalii. Wakati huo mji ulikuwa umetoka katika vita. Abushiri bin Salim, aliyeongoza watu wa pwani kupigana na Wajerumani tangu mwaka 1888, alikuwa amekwisha kushindwa, na alinyongwa Pangani siku chache baada ya karamu hiyo, tarehe 15 Desemba 1889.

Miongoni mwa maofisa wa Stanley waliofika siku ile alikuwamo kijana mzaliwa wa Kanada, Luteni William Stairs. Mtu huyu alirudi Bagamoyo. Mwezi wa Julai 1891, safari hii akiwa na cheo cha kapiteni na akiitumikia Kampuni ya Katanga, aliondoka pwani hiyo na mamia ya askari na wapagazi walioandikishwa hasa Unguja. Walifuata njia ya misafara mpaka Tabora na Karema, wakavuka ziwa, wakafika Bunkeya tarehe 14 Desemba 1891.

Yaliyotokea huko hayahitaji kusimuliwa kwa urefu mbele ya wasomaji wa Katanga. Msiri, mtawala wa Garenganze, alikataa bendera ya Dola Huru ya Kongo; tarehe 20 Desemba 1891 aliuawa kwa risasi na Kapiteni Bodson, naye Bodson akauawa pia. Katanga ikawa chini ya Leopold. Stairs mwenyewe hakurudi kwao: alifariki kwa homa huko Chinde, kwenye mdomo wa Zambezi, mwezi wa Juni 1892.

Linalostahili kuangaliwa hapa ni njia. Msiri mwenyewe alikuwa mtu wa njia hiyo. Baba yake alitoka upande wa Unyamwezi, akafika Katanga kufuata shaba. Na Wayeke waliomfuata waliiunganisha Bunkeya na biashara ya Unyanyembe na pwani. Wapagazi na watafuta shaba ndio waliomleta, na ni njia ile ile iliyowaleta waliomwua. Mwanzo wa utawala wa kikoloni katika Katanga, kwa hiyo, una mahali pake katika ufuko wa Bagamoyo, sawa na mwili wa Livingstone na karamu ya Emin Pasha; lakini jina la Stairs halimo miongoni mwa yale yanayorudiwa.

7. Ufukoni: maana ya jina

Alasiri ziara humalizikia penye maji. Ufuko wa Bagamoyo ni mpana na bahari yake haina kina karibu na nchi kavu. Majahazi yaliweza kupandishwa mchangani, lakini meli kubwa hazikuweza kukaribia. Hali hiyo, inayowafurahisha waogaji wa leo, ndiyo iliyoufanya mji ushindwe. Wajerumani walihamishia makao ya serikali Dar es Salaam mwaka 1891, kwa sababu ya bandari yake. Reli ya kati ilijengwa kutoka huko tangu mwaka 1905, ikafika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914. Na mwaka 1915 reli ya upande wa Kongo ikaunganisha Kabalo na ziwa. Kwa mkataba wa mwaka 1921 Ubelgiji ikapata sehemu zake katika bandari za Dar es Salaam na Kigoma. Njia ya Kongo haikufa, ila ilihama. Shaba ya Katanga inayopita leo kwa malori kuelekea Dar es Salaam inafuata mwelekeo ule ule wa kale: kutoka bara hadi bahari ya Hindi.

Hapo ufukoni mgeni hupewa maana ya jina. Wote hukubali kwamba Bagamoyo inatokana na bwaga moyo, sauti ya w ikiwa imedondoka. Wanapotofautiana ni juu ya nani aliyesema hivyo. Wengine husema ni mtumwa: alipoiona bahari alijua kwamba hatarudi tena kwao, akauacha moyo wake pale. Wengine husema ni mpagazi: baada ya miezi ya mwendo alitua mzigo na moyo ukapumzika.

Lugha yenyewe hailazimishi mtu kuchagua. Kubwaga ni kutupa chini kitu kizito kilichokuwa kimebebwa. Anayebwaga mzigo anapata nafuu. Lakini Waswahili husema pia kubwaga manyanga, nao humaanisha kukata tamaa na kuacha shughuli. Nafuu na kukata tamaa vyote vimo katika kitenzi kimoja, kwa kuwa mwili hufanya tendo lile lile katika hali zote mbili. Anayesisitiza maana ya mtumwa peke yake anawafuta maelfu ya Wanyamwezi waliokuja kwa hiari na kurudi kwao na mali. Anayesisitiza maana ya mpagazi peke yake anawafuta watu wa Manyema, ambao hawakuutua mzigo kwa hiari yao na ambao hawakulipwa.

Hili si jambo la maneno matupu. Mwaka 2006 serikali ya Tanzania iliiweka njia hiyo, kutoka Bagamoyo hadi Ujiji, katika orodha ya awali ya mahali panapopendekezwa kuwa urithi wa dunia, kwa jina la njia ya kati ya watumwa na pembe. Katika pendekezo hilo njia inakomea Ujiji. Watu na pembe havikuanzia Ujiji. Kukomesha njia ukingoni mwa ziwa ni kufuata mpaka uliochorwa na Wazungu baada ya misafara, na ni kuwaacha nje ya historia wale walioilipia kwa bei ya juu kuliko wote.

8. Hitimisho

Ziara ya siku moja haiwezi kulaumiwa kwa kuwa fupi. Humwonyesha mgeni vitu vya kweli: kaburi la nguzo, mnara, Boma, bahari. Inachohitaji ni kutajiwa yale yaliyo nyuma ya vitu hivyo. Mwongozaji anayefahamu habari za Nyangwe aweza kuzisema penye mnara kwa dakika mbili. Anayefahamu habari za Bunkeya aweza kuzisema ufukoni. Anayefahamu maisha ya Sheikh Ramiya hana haja ya kutafuta jibu jingine juu ya maana ya jina la mji: mtu huyo aliletwa Bagamoyo bila hiari yake, naye akaufanya mji huo kuwa kwake.

Kazi hiyo haiwahusu Watanzania peke yao. Upande wa Kongo, Nyangwe, Kasongo, Kabambare, Mpala na Bunkeya ni vituo vya njia moja na Bagamoyo, na wazee wanaokumbuka masimulizi ya babu zao wanazidi kupungua. Masimulizi hayo yakikusanywa na kuandikwa kwa Kiswahili, lugha iliyotembea njia yote, yataweza kusomwa katika ncha zote mbili. Hapo mfanyabiashara wa Lubumbashi atakayekwenda Bagamoyo kupoteza siku moja akingoja mizigo yake ataweza kumwuliza mwongozaji swali moja zaidi, na mwongozaji atakuwa na la kumjibu.